Butare, Aprili 1994: mkoa uliosita, kisha ukaua

Mazungumzo mengi kuhusu mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi wa Rwanda huanzia Kigali, na sababu yake inaeleweka. Usiku wa tarehe 6 Aprili 1994 ndege iliyokuwa ikimrudisha Rais Juvénal Habyarimana kutoka kwenye mkutano wa Dar es Salaam ilitunguliwa ikikaribia kutua. Ndani yake alikuwemo pia Rais Cyprien Ntaryamira wa Burundi. Kabla hakujapambazuka, vizuizi vilikuwa vimeshawekwa barabarani na askari walikuwa wakigonga milango ya watu ambao majina yao yaliandikwa kwenye orodha. Kwa anayetaka kuchambua, Kigali ina tatizo moja: mambo yalikwenda kasi mno. Huwezi kutenganisha chuki na amri, wala hofu na tamaa, kwa sababu vyote vililipuka saa ile ile.

Butare ni habari nyingine. Katika mkoa huu wa kusini mauaji ya jumla yalichelewa karibu wiki mbili. Watu walikuwa wale wale, vitambulisho vyao vilitaja kabila kama kwingine kote nchini, redio waliyoisikiliza ilikuwa ile ile. Tarehe 18 Aprili Mtutsi wa Butare mjini bado aliweza kulala kwake, kwa wasiwasi, lakini kwake. Tarehe 21 alikuwa anawindwa. Ninalolifuata katika uchambuzi huu ni swali hilo tu: ni kitu gani kilibadilika katikati ya siku hizo?

Mkoa wenyewe

Wabelgiji waliuita mji huo Astrida, kwa heshima ya malkia wao Astrid. Baada ya uhuru wa 1962 ukawa Butare, na mwaka uliofuata chuo kikuu cha taifa kikaanzishwa hapo. Ulikuwa mji wa wahadhiri, watafiti, mapadri na wanafunzi. Watutsi walikuwa wengi mkoani humo kuliko ilivyokuwa katika sehemu nyingi za nchi, na kuoana kati yao na Wahutu hakukuwa jambo la kushangaza mtu. Vyama vingi viliporuhusiwa mwaka 1991, kilichoota mizizi Butare ni PSD, chama cha wapinzani kilichowavuta watu wa kusini waliochoshwa na serikali iliyowapendelea wa kaskazini. MRND ya rais ilikuwa na wafuasi hapo, lakini haikuwa na neno la mwisho.

Hata hivyo, nisiipambe. Ni katika chuo hicho hicho ambako mwanzoni mwa 1973 Watutsi walifukuzwa kwa orodha za majina. Jirani yake wa magharibi, Gikongoro, alikuwa ameshuhudia Watutsi wakiuawa kwa maelfu tangu Desemba 1963. Oktoba 1993 Rais Melchior Ndadaye wa Burundi aliuawa na wanajeshi, na wakimbizi Wahutu wakavuka mpaka kwa makundi makubwa na kupiga kambi kusini mwa Rwanda, wakiwa na simulizi za ndugu zao waliochinjwa. Kisha tarehe 21 Februari 1994 Félicien Gatabazi, kiongozi wa PSD na mwenyeji wa Butare, alipigwa risasi Kigali. Siku iliyofuata umati wenye hasira ulimuua karibu na Butare mwenyekiti wa chama chenye msimamo mkali cha CDR, Martin Bucyana. Kwa hiyo hatuzungumzii watu wapole kwa asili. Tunazungumzia watu waliojua kuua, ambao Aprili, kwa siku kadhaa, hawakuua.

Mkuu wa mkoa aliitwa Jean-Baptiste Habyalimana. Jina lake linakaribiana sana na la rais, lakini hawakuwa ndugu. Alikuwa msomi, mwanachama wa PL, chama kingine cha upinzani, na Mtutsi pekee aliyeshika cheo hicho nchi nzima.

Alichokifanya baada ya tarehe 6 kilikuwa kazi ya kawaida ya ofisi yake. Aliitisha vikao vya usalama, akawaagiza mameya wa komuni, yaani vitengo vya utawala vilivyo chini ya mkoa, wazuie vurugu, akaenda mwenyewe kwenye maeneo yaliyoanza kuchafuka. Kamanda wa jandarmeri (polisi wa kijeshi) mkoani, Meja Cyriaque Habyarabatuma, alikuwa upande wake. Vijijini Wahutu na Watutsi walilinda zamu pamoja usiku. Ng'ambo ya mipaka, upande wa Gikongoro, nyumba zilikuwa zinaungua na watu walikuwa wanakimbia kuelekea Butare, kwa sababu habari zilikuwa zimeenea kwamba huko bado kuna amani.

Hapo kwenye zamu za usiku ndipo napenda kutulia kidogo. Mkulima Mhutu aliyesimama na rungu kando ya jirani yake Mtutsi hakuwa amesoma kitu chochote kuhusu haki za binadamu. Aliogopa wavamizi. Kwake, "sisi" ilikuwa watu wa mlima ule, wenye mashamba na ng'ombe wa kulinda, na "wao" walikuwa wahuni waliokuwa wakija kutoka nje kuchoma na kupora. Mgawanyo wa Mhutu na Mtutsi ulikuwepo kichwani mwake, ulikuwepo hata kwenye kitambulisho mfukoni mwake tangu enzi za Wabelgiji katika miaka ya 1930, ila wiki ile haukuwa mgawanyo unaotumika. Watu tuna mipaka mingi ya "sisi" kwa wakati mmoja: ukoo, dini, mtaa, chama, kabila. Ni upi unaoshika usukani siku fulani hutegemea sana nani ana mamlaka ya kusema hatari inatoka wapi. Kwa siku kumi na kidogo Butare, mwenye mamlaka hayo alisema hatari ni vurugu zenyewe.

Kuanzia tarehe 16 hadi 20

Serikali ya mpito iliyoapishwa Kigali tarehe 9 Aprili ilikuwa na watu wa Butare kileleni. Rais, Théodore Sindikubwabo, alikuwa daktari na mwenyeji wa huko. Waziri mkuu, Jean Kambanda, vivyo hivyo. Waziri wa Familia na Maendeleo ya Wanawake, Pauline Nyiramasuhuko, alikuwa na nyumba yake mjini hapo. Hii ni sehemu ya maelezo: mkoa uliokuwa unasita ulikuwa mkoa wa wakubwa wenyewe, na kusita kwake kuliwaaibisha.

Tarehe 12 serikali ilihamia Gitarama, ikiwakimbia wapiganaji wa RPF, waasi ambao wengi wao walikuwa Watutsi, walioikaribia Kigali. Tarehe 16 mkuu wa majeshi wa muda, Marcel Gatsinzi, aliondolewa na nafasi yake kupewa Augustin Bizimungu. Tarehe 17 redio ilitangaza kwamba mkuu wa mkoa wa Butare ameachishwa kazi. Habyarabatuma naye alipelekwa kwenye uwanja wa vita. Katika siku mbili tatu, kila mwenye bunduki au muhuri ambaye angeweza kusema "hapana" mkoani alikuwa ameondolewa njiani. Habyalimana baadaye alikamatwa na kuuawa, na familia yake haikusalimika.

Kisha ikaja sherehe ya tarehe 19 Aprili. Viongozi wa mkoa walikusanyika ukumbini mjini Butare kumpokea mkuu mpya wa mkoa, Sylvain Nsabimana. Kambanda alikuwepo. Sindikubwabo akahutubia, na hotuba ikarushwa na Radio Rwanda. Anayeitafuta sentensi inayosema waziwazi "waueni Watutsi" hataipata. Rais aliwasema watu wanaojiweka kando, wale wanaosema haya hayanihusu. Akawataka wapishe ili walio tayari wafanye kazi. Hakuhitaji kufafanua. Ilikuwa siku ya kumi na tatu tangu ndege ianguke, na kila aliyekuwa ukumbini alijua ni kazi gani iliyokuwa ikifanyika Kigali, Kibungo na Gikongoro. Walijua pia kwamba aliyekuwa na cheo juzi leo hana.

Ukumbi ulielewa, na mkoa ulielewa. Askari wa ziada waliletwa. Tarehe 20 Rosalie Gicanda, mjane wa Mwami (mfalme) Mutara III Rudahigwa, mama mzee aliyekuwa akiishi kimya mjini Butare, alichukuliwa nyumbani kwake na kuuawa kwa kupigwa risasi. Hakuwa na cheo wala jeshi. Thamani ya kifo chake kwa waliomuua ilikuwa katika ujumbe: kama huyu ameguswa, hakuna Mtutsi asiyeguswa. Kapteni Ildephonse Nizeyimana wa chuo cha kijeshi cha ESO alihukumiwa na mahakama ya kimataifa iliyokaa Arusha, na mauaji hayo yalikuwa miongoni mwa makosa yake.

Kuanzia tarehe 20 na 21 mkoa uliwaka karibu wote. Zamu za usiku zilezile zikageuka vizuizi. Watutsi waliokuwa wakilinda pamoja na wenzao wakatengwa, wakaambiwa waonyeshe vitambulisho kwa watu waliowajua tangu utotoni.

Chuki peke yake haitoshi

Maelezo yanayopendwa zaidi vijiweni, na hata kwenye magazeti ya nje ya wakati ule, ni kwamba Wahutu na Watutsi walichukiana tangu zamani, basi siku ikafika. Butare inayapa maelezo haya shida kubwa. Chuki ya kale haisubiri mkuu wa mkoa afukuzwe. Kama chuki ndiyo ingekuwa injini, tarehe 7 ingetosha.

Scott Straus, mtafiti wa Marekani aliyewahoji wafungwa 210 waliokiri kushiriki katika mauaji, alikuta wengi wao ni wakulima wa kawaida wenye wake na watoto. Wengi walikuwa na Watutsi ndani ya koo zao. Walipoulizwa kwa nini waliingia, yaliyojirudia ni hofu iliyoletwa na vita na shinikizo la Wahutu wenzao. Mfungwa ana sababu zake za kujisafisha, hilo lazima likumbukwe, lakini picha hiyo inalingana na kilichotokea Butare kuliko picha ya chuki ya kale.

Hofu, basi? Nayo peke yake inapwaya. RPF ilianzisha tena mapigano mara baada ya tarehe 6, lakini upande wa kaskazini na kuzunguka Kigali. Butare ilikuwa mbali na uwanja wa vita Aprili nzima, na RPF iliuchukua mji huo mwanzoni mwa Julai tu. Mkulima wa kusini hakuwa akisikia mizinga. Hofu yake ilibidi iletwe, na ililetwa na watu wenye vyeo, kwa redio na kwa mikutano: kwamba jirani yako ni mpenyezi, kwamba ana silaha darini, kwamba usipomwahi atakuwahi. Hiyo ni hila ya zamani katika mauaji ya aina hii. Anayeua huambiwa anajilinda, na mara tu akilikubali hilo, anaweza kuua mtoto mchanga na bado akajiona askari.

Utii? Hapa wengi hukimbilia majaribio ya Stanley Milgram ya mwanzoni mwa miaka ya 1960 huko Yale, ambapo wanaume 26 kati ya 40 walikubali kubonyeza swichi hadi volti 450 kwa sababu mtu mwenye koti la maabara aliwaambia waendelee. Watu hulitaja jaribio hili kana kwamba limemaliza kazi. Mimi naona sehemu yake yenye faida zaidi kwa Butare ni ile isiyotajwa sana. Milgram alipoweka wasaidizi wawili wanaokaa pamoja na mtu anayejaribiwa, kisha wasaidizi hao wakakataa kuendelea, waliofika mwisho walikuwa wanne tu kati ya 40. Na mtoa amri alipotoka chumbani akawa anaamuru kwa simu, utii ulishuka hadi takriban mmoja kati ya watano.

Weka hilo kando ya Butare. Hadi tarehe 17 kulikuwa na mtu aliyekataa, hadharani, akiwa na cheo. Amri za kuua zilikuwepo hewani, zilitoka redioni na kutoka Kigali, lakini zilikuwa amri za mbali, na aliyekuwa karibu alisema kinyume. Tarehe 19 mtoa amri aliingia chumbani yeye mwenyewe, rais wa nchi, mwenyeji wa mkoa, na aliyekataa alikuwa hayupo tena. Wale wa katikati, ambao ndio wengi popote, walikuwa wamekaa wanapima upepo. Upepo ukageuka.

Lakini kuna mahali ambapo maabara inaachana na Rwanda. Watu wa Milgram walitetemeka, walitoka jasho, wengine walicheka kicheko cha wasiwasi. Hawakumpora aliyekuwa upande wa pili wa ukuta. Butare watu waligawana ng'ombe, wakang'oa mabati na milango, wakagombea mashamba ya waliokufa katika nchi yenye msongamano mkubwa wa watu kwenye ardhi kidogo. Wanawake walibakwa, na hakuna sherehe ya kuapishwa inayoweza kulieleza hilo lote. Amri ilifungua mlango; waliopita mlangoni walikwenda mbali kuliko walivyoamriwa, kila mmoja na mzigo wake wa tamaa, kisasi cha mpaka wa shamba, sifa mbele ya wenzake. Na aliyeanza kwa kusimama kizuizini akapata sehemu ya nyama ya ng'ombe wa jirani aliona kurudi nyuma ni vigumu. Kila hatua ilifanya inayofuata ionekane ndogo. Kundi la walioua kwa mikono yao tena na tena lilikuwa dogo. Wengi walitembea nyuma yake, wakizingira, wakipiga mayowe, wakionyesha mahali watu walipojificha. Bila hao wengi, hao wachache wasingemaliza kilima kimoja.

Meya wa Ngoma

Ndani ya kisa hiki kuna mtu mmoja anayenisumbua kuliko Nyiramasuhuko, yule waziri aliyekuja kutiwa hatiani kwa mauaji ya kimbari. Ni Joseph Kanyabashi, meya wa Ngoma, komuni iliyoubeba mji wa Butare. Alikuwa kwenye kiti hicho tangu 1974, mtu wa PSD, mkewe Mtutsi. Katika wiki mbili za kwanza alikuwa upande wa mkuu wa mkoa. Tarehe 19 alikuwepo ukumbini, na alipopewa nafasi ya kusema alisimama upande wa serikali mpya.

Wiki chache baadaye alipita mjini akiwa na kipaza sauti, akiwatangazia wakazi. Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, iliyokaa Arusha, ilimtia hatiani kwa matangazo hayo ya kuchochea mauaji ya kimbari; rufaa ilipunguza adhabu yake kutoka miaka 35 hadi 20 baada ya kufuta makosa mengine.

Ni rahisi kumwita mnafiki, kwamba muda wote alikuwa muuaji aliyejificha. Sidhani. Nadhani ni mtawala wa miaka ishirini ambaye ujuzi wake mkubwa ulikuwa kujua nani yuko juu. Ujuzi huo ulimweka madarakani chini ya MRND, ukamhamisha PSD upepo ulipobadilika, ukamfanya mlinzi wa amani wakati amani ilikuwa sera ya mkoa. Tarehe 19 sera ilibadilika. Nchi yoyote inawategemea watu wa aina hii siku za kawaida. Ndio wanaofanya vyeti vya kuzaliwa vitoke na kodi ikusanywe. Hawana chuki ya pekee, na hawana pia kitu cha kuwazuia. Halafu mtu wa namna hii akiwa na mke Mtutsi, ana sababu ya ziada ya kuonyesha utiifu kwa kelele.

Mwalimu wake, kama ninaweza kusema hivyo, alikuwa mauti ya wengine. Tarehe 7 Aprili waliuawa waziri mkuu Agathe Uwilingiyimana, naye mtu wa Butare, pamoja na rais wa PSD Frédéric Nzamurambaho na viongozi wengine Wahutu wa upinzani. Katika mkoa wake mwenyewe, meya wa Nyabisindu, Jean-Marie Vianney Gisagara, aliendelea kupinga baada ya tarehe 19 na akauawa. Narcisse Nyagasaza wa Ntyazo, Mtutsi, naye aliuawa. Kwa kifo chake na mengine mengi, jandarme wa zamani Philippe Hategekimana alihukumiwa kifungo cha maisha mjini Paris mwaka 2023. Kanyabashi aliyaona haya yakitokea, na hesabu aliyoipiga si ngumu kuiona.

Hospitalini

Hospitali ya chuo kikuu ya Butare ilikuwa ikitibu majeruhi, na madaktari wa shirika la Madaktari Wasio na Mipaka walikuwa wakifanya kazi hapo. Kati ya tarehe 22 na 24 Aprili askari na wanamgambo waliingia wodini na kuwatoa wagonjwa Watutsi, wakawaua nje. Waliokufa pale ni zaidi ya 150, wakiwemo wafanyakazi. Watu waliokuwa wamefungwa bendeji asubuhi waliuawa usiku, na waliohudumu wodini walilazimika kuangalia.

Miongoni mwa wafanyakazi alikuwepo muuguzi mjamzito. Alikuwa Mhutu. Daktari aliyemsimamia aliwaambia askari hivyo, kwamba mmekosea, huyu ni Mhutu. Askari akaangalia karatasi yake na kujibu kwamba ni kweli, lakini mumewe ni Mtutsi, kwa hiyo mtoto atakuwa Mtutsi. Wakamuua. Shirika liliondoka Butare siku hiyo ya tarehe 24.

Nimeiweka habari hii hapa kwa sababu inaonyesha kitu ambacho hofu ya vita, shinikizo la wenzako na tamaa ya mali haviwezi kukieleza. Askari huyo hakuwa na wazimu. Alisikiliza hoja, akakagua hati, akatumia kanuni: Rwanda kabila lilifuata upande wa baba, na kanuni hiyo ya ukarani, ile ile iliyojaza vitambulisho kwa miaka sitini, ndiyo aliyoitumia kuamua hatima ya mimba. Huko ndiko historia inakokutana na saikolojia. Mkoloni hakuanzisha tofauti kati ya Wahutu na Watutsi kutoka hewani, lakini aliifanya iwe jibu moja tu kwenye kadi, lisilobadilika, linalosomeka na askari yeyote kwenye mlango wowote. Serikali mbili za Wahutu baada ya uhuru zilikuta kadi hizo na zikaziacha.

Nyakizu, na anayepinga

Msomaji makini atasema: mbona Nyakizu? Ni haki aseme. Nyakizu ni komuni ya Butare, mpakani na Burundi, na huko maelfu ya Watutsi waliokimbilia kanisa la Cyahinda walishambuliwa kuanzia tarehe 15 Aprili, Habyalimana akiwa bado ofisini. Meya wao, Ladislas Ntaganzwa, aliyehukumiwa kifungo cha maisha nchini Rwanda mwaka 2020, hakusubiri hotuba ya mtu. Alikuwa amejipatia madaraka kwa ubabe katika siasa za 1993, kambi za wakimbizi wa Burundi zilikuwa karibu, na Gikongoro iliyokuwa ikiungua ilikuwa mlangoni.

Kwangu Nyakizu haivunji hoja, inaipunguza ukubwa. Mkuu wa mkoa hakuwa ukuta. Palipokuwa na mtawala wa chini aliyetaka kuua na njia ya kupata watu, "hapana" ya juu haikufika. Lakini angalia utaratibu: hata Nyakizu mauaji yalianza kwa meya kutumia ofisi yake, na wakulima hawakuamka tu. Kilichotofautiana ni ngazi ambayo mlango ulifunguliwa. Nyakizu ulifunguliwa na meya, sehemu nyingi nyingine za mkoa ulifunguliwa na rais.

Kuna ushahidi mwingine wa upande huu, na hauzungumzwi vya kutosha. Mwishoni mwa Aprili na Mei, serikali ilipoanza kubanwa na mataifa, ilitangaza kile ilichokiita kurudisha utulivu. Katika sehemu nyingi mauaji ya hadharani yalipungua kweli. Baadhi ya Watutsi waliojificha walitoka kwa kuamini tangazo hilo, na wengi wa waliotoka waliuawa. Jambo ambalo linaweza kuamriwa kupungua ni jambo lenye mtu wa kuliamrisha.

Na upepo huo wa ishara haukuwa wa ndani tu. Tarehe 21 Aprili, siku ambayo vilima vya Butare vilikuwa vikizingirwa, Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipitisha azimio namba 912 la kukipunguza kikosi chake Rwanda, kutoka askari wapatao 2,500 hadi takriban 270. Walioketi Gitarama walijua kusoma ishara kama alivyojua Kanyabashi.

Arusha

Nyiramasuhuko, Kambanda na Nsabimana walikamatwa Kenya Julai 1997. Kambanda alikiri makosa mwaka uliofuata na kufungwa maisha, mkuu wa kwanza wa serikali kuhukumiwa kwa mauaji ya kimbari. Kesi ya Butare, yenye washtakiwa sita, ilianza Juni 2001, hukumu ikatoka tarehe 24 Juni 2011 na rufaa tarehe 14 Desemba 2015. Ilikuwa ndefu kuliko zote katika mahakama hiyo.

Nsabimana, yule aliyeapishwa tarehe 19, alitiwa hatiani zaidi kwa alichoacha kufanya. Watutsi waliokuwa wamekusanyika kwenye uwanja wa ofisi ya mkoa, wengi wao wanawake na watoto, walichukuliwa usiku, walibakwa na kuuawa, na yeye, mwenye wajibu wa kisheria wa kuwalinda, hakufanya hivyo ipasavyo. Rufaa ilimwachia kifungo cha miaka 18, ambacho alikuwa ameshakimaliza. Nyiramasuhuko, mwanamke wa kwanza kutiwa hatiani na mahakama ya kimataifa kwa mauaji ya kimbari, alihukumiwa maisha, ikapunguzwa kuwa miaka 47. Mwanawe Arsène Shalom Ntahobali vivyo hivyo.

Mawakili wa Nyiramasuhuko walipinga hasa shtaka la kula njama. Hakukuwa na kumbukumbu za kikao zinazosema "tumekubaliana kuua". Majaji walijenga hitimisho lao kwa mazingira: kwamba alikaa katika vikao vya baraza la mawaziri, kwamba alishiriki katika uamuzi wa kumwondoa Habyalimana aliyeonekana kikwazo, kwamba mkuu mpya alisimikwa, kwamba rais alihutubia na mauaji yakafuata. Shajara yake ya 1994 ilikuwa miongoni mwa vielelezo vilivyobishaniwa. Jopo la rufaa liliacha shtaka la njama lisimame.